Unataka kuwa kochi ku intaneti? Tafuta kwanza muntu mumoja

Ukifungua statu za WhatsApp asubuhi hapa Lubumbashi, kati ya mwenye anauzisha bikwembe na mwenye anatuma mustari wa Biblia, hautakosa kochi. Kochi wa ndoa, kochi wa biashara, kochi wa kupunguza tumbo, kochi wa kufundisha bakochi. Bengine ni badogo benye banatoka UNILU, univasiti ya hapa, juzi tu, hata diplome haiyatoka. Sibacheke, juu kati yabo kuko benye banalipwa kweli na kuko benye banasaidia bantu kweli, lakini kila wakati mudogo ananifwata kuniuliza "yaya, na miye naweza kuanza ile kazi namna gani?" anaanza na maulizo ya mwisho: logo ifanane je, mikro ya bei gani, paji ya Facebook ao TikTok, nilombe dola ngapi. Ulizo ya kwanza kabisa, ile ya kujua unauzisha nini na ni nani atakulipa, hapana, hiyo hakuna mwenye anaiuliza. Sasa acha tufungue hii mafundo pole pole, na pahali kwenye nitarefusha munivumilie.

Tuanze na kochi mwenyewe. Mu muji ya TP Mazembe hakuna mwenye hajui kochi ni nani: eko pembeni ya kiwanja, haingie kupiga mupira, lakini timu ikishinda ao ikipigwa jina yake njo iko mu kinywa ya bantu bote. Mwaka 2010 Mazembe ilifika fainali ya Kombe la Dunia la vilabu kule Abu Dhabi, Inter ya Milan ikatupiga 3-0, kochi alikuwa Lamine N'Diaye wa Senegal, na hakugusa mupira hata kidogo. Hii kochingi ya kazi na ya maisha nayo ilitokea mu michezo. Myaka ya 1970 kule Marekani mwalimu wa tenisi, Timothy Gallwey, aliona kama akiacha kumupigia mwanafunzi makelele ya "inua mukono, kunja goti" na akamuuliza tu maulizo ya kumufanya aangalie mupira muzuri, mwanafunzi anajifunza mbio. Muingereza John Whitmore, mwenye alikuwa anashindana mbio za magari na mu 1965 akabeba ubingwa wa Ulaya, akachukua ile akili akaipeleka mu makampuni, na tangu mwanzo wa myaka ya 1990 ile njia ya maulizo ine yenye banaita GROW ikazunguka dunia.

Maulizo ine yenyewe haina uchawi. Unataka kufika wapi? Leo uko wapi? Njia gani ziko? Utafanya nini na siku gani? Nilete mufano juu bila mufano inabaki hewa. Tuseme mama mumoja wa Kamalondo anauzisha bikwembe ku WhatsApp, kila mwezi anauzisha lakini kila mwezi kapitali inapungua.

"Mama, mu miezi mitatu unataka kuona nini?"

"Mie nataka tu kapitali isikuliwe tena."

"Leo kapitali ni ngapi?"

"Eh! Hapo umenishika. Kuko yenye iko mu deni za bantu, kuko yenye nilinunulia bunga, na ingine nililipia batoto masomo."

Hapo kochi ya mubaya anaruka juu: mama, chukua kaye, andika hivi, fanya hivi. Kochi ya muzuri anauliza tena: "Makuta ya bikwembe na makuta ya bunga, ungezitenganisha namna gani, weye mwenye unajua nyumba yako?" Mama anawaza, anasema makuta ya biashara ibaki mu M-Pesa na ya nyumba ikae cash mu mukoba. Njia yake mwenyewe, haikutoka kwa kochi. Kisha kochi anafunga: "Unaanza siku gani, na nani atajua kama umefanya?" Mama anasema siku ya kwanza ya juma, na kila jioni anatuma picha ya salio. Ile picha ya salio kila jioni njo kazi yenye analipia. Maneno ya kutia moyo anayapata bure ku kanisa, tena yenye moto kuliko yako.

Sasa angalia majirani ya kochi, juu hapa njo bantu banajichanganya. Mwalimu anakufundisha kitu chenye haujui. Mukubwa wa kazi, yule mwenye alishapita ile njia, anakupa hadithi yake na majina ya bantu. Konsulta unamulipa akutengenezee jibu. Muganga wa akili anatunza kidonda ya ndani. Kochi yeye anakushika mukono wakati unajua kitu cha kufanya, ao karibu unajua, lakini haufanye. Ku maisha ya kweli unachanganya kidogo, na wengi benye bananza ku intaneti banaita kochingi kitu chenye ni mafundisho, mie sioni dambi hapo, mafundisho ni kazi ya heshima. Dambi ni kama hauambie mukiliya anachonunua. Akifikiri unamupa jibu tayari na weye unamupa maulizo, wiki ya pili anasema umemwibia. Na upande wa muganga wa akili usicheze kabisa: mutu akianza kukuambia kama halali, anapigwa ku nyumba, vita ilimuchukulia bantu bake, anataka kumaliza maisha yake, kochingi inasimama pale pale, unamusindikiza kwa mwenye alisomea ile. Batu ya Goma na Bukavu benye bako huku kwetu banabeba mambo mazito, na mwenye anatafuta "kochi" pengine anatafuta kitu kingine.

Sertifika je? Kochi haiko kama avoka mwenye iko na baro yake ao daktari mwenye iko na orde yake, ni kusema shirika lenye linamupa ruhusa ya kutumika. Hakuna mulango wa serikali wenye unapita ndio uitwe kochi, na ni vile vile mu inchi mingi. Kuko mashirika ya binafsi yenye yanapana vyeo, yenye kujulikana sana ni International Coaching Federation, ilianzishwa 1995 kule Marekani, na cheo chake cha kwanza, ACC, kinaomba masaa 60 ya masomo na masaa 100 ya kufanya kochingi na bantu. Soma vizuri ile hesabu: masaa ya kutumika na bantu iko mingi kuliko masaa ya kukaa ku darasa. Mukiliya wako wa Katuba hatakuomba ACC. Kampuni kubwa ya kimataifa pengine itaomba. Kwa hiyo haina haraka, ile feza ukiwa nayo leo ina kazi ingine.

Na hapa nisimame kidogo juu iko kitu chenye kinanikasirisha. Ku intaneti kuko biashara mbili zenye zinavaa nguo moja. Ya kwanza ni kusaidia bantu na shida yao: mama wa bikwembe, kijana mwenye ameitwa entreviu (maulizo ya kuombea kazi), mutu wa kupunguza uzito. Ya pili ni kuuzishia bantu ndoto ya kuwa kochi. Yule mwenye anasema "nilitoka zero nikafika dola elfu kumi kwa mwezi, lipa formasio yangu nikuonyeshe siri", muulize tu: zile elfu kumi zilitoka kwa bakiliya ba shida gani? Mara mingi utakuta zilitoka kwa bantu kama weye, benye banalipia formasio ya kuwa kochi, kisha nabo banatafuta bengine ba kubalipa formasio ya kuwa kochi, na vile vile mpaka bantu bapya banaisha. Benye bako na myaka mingi banakumbuka Bindo, ile michezo ya makuta ya Kinshasa yenye ilianguka 1991. Sisemi kila formasio ni Bindo. Nasema tu, kama inayouzishwa ni nafasi ya kuuzisha, shika mufuko yako.

Basi unauzisha nini. Usiseme "nasaidia bantu kufikia ndoto zao", hiyo haina mutu mwenye anaamka usiku akaitafuta. Bantu banalipia shida yenye ina jina na ina tarehe. Angalia hapa kwetu: kijana wa injinia mwenye ameitwa entreviu ku kampuni ya mine (machimbo ya madini) kule Kolwezi ao Fungurume siku kumi na ine kutoka leo, anajua kazi lakini akiulizwa ajieleze anaanza kutetemeka, na pengine banamuuliza nusu ya maneno mu Kiingereza. Hiyo ni shida yenye ina jina, ina tarehe, na nyuma yake kuko mushahara. Kuko mwenye kampuni kidogo ya usafi ao ya kusafirisha, anataka kupata kazi zenye makampuni ya mine yanagawa inje, juu sheria ya sutretansi ya 2017 inaomba zile kazi zibaki kwa makampuni yenye sehemu kubwa ya kapitali ni ya Bakongomani, lakini kila faili yake inarudishwa juu karatasi moja imekosa. Huyu anahitaji mutu wa kumufwata wiki kwa wiki mpaka faili itimie. Kuko mama wa Kasumbalesa mwenye anavuka mupaka kila wiki na hajui safari gani ilimupa faida na gani ilimukula. Kuko wazazi ba diaspora, Ubelgiji ao Afrika Kusini, batoto babo banasikia Kiswahili lakini habaongee, na bibi wa Ruashi akipiga simu wajukuu bananyamaza. Huyu wa mwisho analipa kwa euro ao kwa randi, si jambo dogo.

Sasa chagua yenye weye mwenyewe umeigusa. Ulifanya miaka mu ofisi ya bakazi ukaona entreviu mia, una kitu. Ulikuwa mwalimu wa shule ya musingi, una kitu. Haujawahi kuendesha hata kantini na unataka kuwa kochi wa biashara, hapo sijui nikuambie nini. Na kuko sharti ingine yenye bantu habaifikirie: je, unaweza kubafikia bila kulipa matangazo? Kama haujui hata bantu kumi benye bako na ile shida, ile soko si yako kwa sasa, hata kama ni nzuri.

Luga nayo. Karibu kila kochi wa hapa anaandika Kifaransa cha kitabu, juu anafikiri njo inaonekana ya heshima, na kwa mutu wa entreviu ni sawa. Lakini mama wa Kasumbalesa anafikiri makuta yake mu Kiswahili, na ukimufwata mu Kiswahili chetu hiki, pamoja na "kapitali" na "benefisi" ndani, anafunguka mbio. Tena Kiswahili kinakutoa Lubumbashi kinakufikisha Kalemie, Uvira, Bukavu, Goma, Kisangani. Ukipata mukiliya wa Dar es Salaam, sawa, hapo utanyoosha kidogo ulimi.

Mukiliya wa kwanza hatoki ku tangazo. Anatoka kwa mutu mwenye anakujua: mulikuwa naye ku kazi ya zamani, muko naye mu korali, batoto benu banasoma shule moja. Usiwatumie bote ujumbe ule ule wa "habari njema, nimefungua kochingi", hiyo bantu banairuka. Piga simu kwa bachache benye bako na ile shida, ongea nabo kama mutu, uliza shida inabasumbua wapi, walijaribu nini, iliwagarimu ngapi, na nyamaza usikie. Andika maneno yenye banatumia. Kesho ukiandika statu, utaandika kwa maneno yabo, na mwingine mwenye shida ile atasema "eh, huyu ananisema mie". Mwisho wa maongezi, kama unaona unaweza kumusaidia, mwambie waziwazi: niko naanza, nataka kutumika na bantu batatu kwa bei ya chini sana, na baada ya wiki sita utaniambia kwa ukweli nini ilisaidia na nini haikusaidia. Bei ya chini, si bure. Mutu wa bure anakosa randevu, anakuambia mvua ilinyesha, umeme ulikatika, na pengine ni kweli, lakini mwenye alilipa hata dola kumi anatafuta namna.

Na bandugu? Yaya wako ataomba umusaidie bure, shemeji naye, na mutoto wa shangazi. Hapa kwetu kukatalia ndugu ni kesi ya familia. Miye naona njia ya amani ni kumupa ndugu saa moja ya zawadi, useme wazi kama ni zawadi, na kama anataka kuendelea analipa kama bengine, tena ni vizuri zaidi umutume kwa mwingine, juu mutu mwenye alikuona unakula udongo ukiwa mutoto hataogopa kukudanganya kama alifanya kazi ya wiki.

Bei sasa. Watu banaangalia saa ya maongezi tu banasahau ingine. Tuhesabu. Tuseme unatoa mupango wa wiki sita, kila wiki saa moja. Lakini kila saa moja ina nusu saa ya kujitayarisha na nusu saa ya vokali (ujumbe wa sauti) na kufwatilia katikati ya wiki, kwa hiyo ni masaa mawili, mara sita, kumi na mbili. Ukiomba dola 60 kwa mupango wote, unapata dola 5 kwa saa, na toa mega za intaneti, toa makato ya kutoa makuta. Ukiwa na bakiliya batano kwa wakati mumoja, ni masaa kumi kwa wiki, dola 300 kwa wiki sita, karibu 200 kwa mwezi. Haiko mubaya kwa mwenye anaanza akiwa na kazi ingine pembeni, lakini haitoshi kuacha kazi, na yale masaa ya kutafuta bakiliya hakuna mwenye anakulipia. Kama unaona hesabu haitoshi kuko milango mbili: kupandisha bei kwa mwenye shida yenye ina feza kubwa nyuma, kama yule wa entreviu ya mine, ao kuweka bantu sita mu grupe moja benye shida ya kufanana. Grupe ina utamu yake, bamama ba biashara bakisikia mwenzao ametenganisha makuta, kesho bote banataka kufanya vile. Lakini usianze na grupe. Haujajua bado kazi yako inasaidia wapi.

Uzisha mupango, usiuzishe saa. "Saa moja dola 10" inamufanya mukiliya ahesabu dakika. "Wiki sita mpaka siku ya entreviu" inamufanya aangalie entreviu. Na usiahidi kazi, haushike kalamu ya kuandika jina lake, ahidi tu kile chenye iko mukononi mwenu bote wawili: atakuwa amejieleza kwa sauti mara ngapi, mbele yako, na amesahihishwa.

Vyombo, nitapita haraka. Simu yenye inashika vizuri, ekuta za masikio, na chumba chenye jogoo haiingii. WhatsApp Business ni ya bure, unaweka masaa yako ya kazi, majibu ya tayari, na alama za kutenga mwenye amelipa na mwenye anauliza tu. Simu ya sauti ya WhatsApp inakula mega kidogo sana, makumi ya mega kwa saa. Video inakula mamia, na ikipanda kwa ubora inakaribia giga. Kwa hiyo sauti kwanza, video kwa yule wa entreviu juu uso wake ni sehemu ya kazi. Zoom ya bure inakata ku dakika 40, bantu banashtuka katikati ya neno. Google Meet ya bure mukiwa wawili haikate vile, mukiwa watatu na zaidi inafika dakika 60. Starlink, ile intaneti ya satelite, ilipata ruhusa hapa inchini mu 2025 na benye bako nayo banasema mengi, lakini kwa mwenye anaanza forfe ya kawaida inatosha.

Adui mukubwa ni delestaji, kule kukatwa umeme kwa zamu. Umeme wa barage ya Inga unasafiri kilometa karibu 1,700 kuja Kolwezi tangu myaka ya 1980, unapita juu ya vichwa vya bantu kwenda ku mine, na weye ku komini ya Kenya ao ya Katuba, hapa Lubumbashi, uko na mushumaa. Jua masaa ya umeme ya kartie yako, randevu zipange wakati umeme unapatikana, pawabanki ikae imejaa, na laini mbili za kampuni tofauti. Na mwambie mukiliya mapema: rezo ikikatika, nakutumia vokali ndani ya saa moja na tunamaliza kesho. Akijua mapema hakasirike.

Masaa nayo inaharibu randevu za bantu. Lubumbashi, Goma na Bukavu tuko saa moja mbele ya Kinshasa. Saa kumi ya asubuhi kwa kuhesabu ya Kifaransa hapa, Kinshasa ni tisa, na Nairobi na Dar es Salaam ni kumi na moja. Brisele mu kiangazi yabo iko sawasawa na sisi, mu baridi yabo iko sawasawa na Kinshasa. Na ukimwandikia Mutanzania "saa tatu" ye anaelewa saa tatu ya Kiswahili. Andika 9h00, na andika ya wapi.

Makuta inaingia namna gani? Kwa mukiliya wa inchini, M-Pesa, Airtel Money ao Orange Money, na zina mufuko wa dola na mufuko wa faranga, mbili tofauti. Pangia bei kwa dola kama bantu bote, lakini sema waziwazi akilipa faranga unatumia kiwango cha siku gani, juu kambisti (mwenye anabadilisha makuta) wa asubuhi na kambisti wa jioni habasemi kitu kimoja. Faida ingine ya simu: hakuna noti ya dola yenye imepasuka kidogo ku kona na hakuna mwenye anaitaka. Usiamini SMS yenye mukiliya anakutumia picha yake, angalia salio yako mwenyewe, juu SMS ya uongo ni biashara ya bantu. Analipa mbele, ao nusu mbele na nusu wiki ya tatu, na hiyo haina haya. Kwa diaspora, Western Union na MoneyGram ziko, na kuko programu zenye zinatuma moja kwa moja ku mobile money. Bakochi ba Ulaya batakuambia "weka tu Stripe ku paji yako": Stripe, ile njia ya kupokea malipo ya karta ku intaneti, haifungue akaunti kwa kampuni ya Kongo, usipoteze usiku wako hapo.

Karatasi. Ku mwanzo wa mwanzo, na bakiliya batatu, hakuna mwenye atakuja kukuomba. Lakini siku kampuni inataka umufwate mukubwa wao wa ofisi, itaomba fakture, na fakture inaomba jina lenye kuandikwa. Kongo iko mu OHADA, ile umoja wa inchi za Afrika zenye ziko na sheria moja ya biashara, tangu 2012, na mule kuko cheo cha entreprenan, kimetengenezwa kwa mutu mumoja mwenye biashara kidogo: anafanya tu deklarasio bila kupita ile njia yote ya kuandikisha kampuni. Ukikua, unaenda ku Guichet Unique, ile ofisi ya serikali ya kuandikisha biashara, kufungua établissement yako (biashara ya mutu mumoja) ao SARL (kampuni). Uliza huko huko bei na kodi, usiulize mutu wa kati mwenye amesimama ku mulango.

Na siri za bantu. Code du numérique, sheria ya mambo ya intaneti, ya tarehe 13 Machi 2023 inalinda habari za mutu binafsi, na hata bila sheria, Lubumbashi ni kijiji, habari inatembea mbio kuliko basi. Usipeleke vokali ya mukiliya ku statu yako eti "ushuhuda", hata ukifuta jina, juu sauti bantu banaijua. Omba ruhusa kwa maandishi, na mutu akikatalia, umefunga mudomo.

Yote hii unaiingiza mu ujumbe mumoja wa WhatsApp mbele ya kuanza, hauhitaji avoka. Mufano, ubadilishe weye:

"Mama, asante kwa maongezi ya jana. Tumesikilizana hivi: wiki sita, kila siku ya ine ya juma 18h00 ya Lubumbashi, kwa simu ya WhatsApp. Lengo: makuta ya biashara itengane na ya nyumba, na mwisho wa wiki ya sita ujue faida ya kila mwezi. Bei dola 60, 30 leo, 30 wiki ya tatu, M-Pesa. Mie nauliza na nafwatilia, weye unaandika salio kila jioni. Ukikosa randevu bila kuniambia mbele ya saa 12h00, inahesabiwa. Ukiona wiki ya pili haikusaidie, tunaacha, na haulipe zile 30 za pili. Mambo yako sitaongea na mutu. Ukikubali, niandikie 'nimekubali'."

Asipojibu siku mbili, piga simu. Mara mingi hajaogopa bei, ameogopa ile mustari ya salio ya kila jioni, na hapo njo unajua kama yuko tayari ao umungoje mwezi wa kuja.